Bi Mwalimu na Kiti cha Lodi

Mimi nimesoma Uingereza. Diploma yangu ya uendeshaji wa hoteli imo ndani ya fremu, ukutani, juu ya meza ya mapokezi ya nyumba yangu ya wageni hapa Kiponda, Unguja, na mgeni anayeingia huiona kabla hajaniona mimi. Hakuna aliyenisomesha. Mchana nilikuwa darasani, jioni nikiosha sahani katika mkahawa wa watu. Nimeishi na Waingereza miaka kumi na moja, nimekula chakula chao na kuroa mvua yao, kwa hiyo nikisema nawajua, nawajua kweli. Hata hivyo, yote niyajuayo kuhusu malodi wao, nani hurithi, nani hanusi, na kwa nini, nilifundishwa na mwanamke wa mtaani kwetu ambaye safari yake ndefu kuliko zote ilikuwa ya Pemba, na huko nako alitapika njia nzima.

Tulimwita Bi Mwalimu. Nusu ya watu wazima unaowaona leo wakipita na mikoba yao baina ya Kiponda na Malindi walisoma Kurani chuoni kwake, chumba cha juu chenye mikeka mitano na dirisha moja. Alizaliwa wapi, baba yake nani, sitaeleza, maana yeye mwenyewe hakupenda kuulizwa. Mtu akianza kujigamba kwa ukoo wake mbele yake, alimwacha amalize, kisha akamwuliza kwa upole, "Na wewe umefanya nini?" Nimemwona bwana mmoja mwenye ndevu nyeupe akishuka ngazi za nyumba ile bila kukumbuka viatu vyake kwa ajili ya swali hilo.

Lakini mwanamke huyo huyo aliweza kukutajia malodi tisa wa ukoo mmoja, mmoja baada ya mwengine, bila kumeza mate. Cheo chenyewe alikiita kiti. Wa kwanza alipewa kiti na mfalme kwa kuwa aliwalisha ngano askari wa mfalme katika vita. Wa pili hakufanya lolote ila kujenga nyumba kubwa na kupanda miti. Wa tatu hakupata mtoto wa kiume, kiti kikenda kwa mtoto wa ndugu yake. Wa nne alipigana na mke wake mpaka wakawekewa ukuta katikati ya nyumba. Akifika kwa huyo, Bi Mwalimu alikuwa akichekea ndani ya mtandio, nasi wanafunzi tukijua kwamba leo hatuulizwi tulichokosa jana.

Nataka mjue jinsi alivyofundisha, maana sijaona mwalimu kama yeye, hata huko nilikokwenda. Alikuwa bingwa wa mirathi. Watu wakifiwa, kabla ya kupanda ngazi za kadhi, hupita kwake wapate kujua sura ya jambo. Alikuwa na ungo mkubwa. Kunde walikuwa wanaume, choroko walikuwa wanawake. Marehemu aliwekwa katikati, punje ya mahindi, na warithi wakamzunguka kila mtu mahali pake. Alisogeza hapa, akatenga pale, na watu waliokuja wakiwa wamenuniana waliondoka kila mmoja akijua fungu lake na sababu yake.

Tukishazoea kanuni zetu, alituletea mitihani ya malodi.

"Lodi amekufa," alisema, akimimina ungoni. "Ameacha mabinti watatu na mtoto wa kiume wa ndugu yake. Haya."

Tulipiga kelele pamoja kwamba mabinti wana thuluthi mbili, na mtoto wa ndugu anachukua kilichobaki. Ndivyo alivyotufundisha. Yeye alitutazama, akapitisha kiganja, akazifagia choroko zote tatu mpaka ukingoni.

"Hawamo," alisema. "Kiti kizima cha huyu kunde."

Nakumbuka hasira yangu. Nilikuwa na umri wa miaka tisa na nilikuwa tayari kwenda Uingereza kuwatetea wale mabinti. Alitueleza kwamba katika karatasi ya mfalme imeandikwa: watoto wa kiume wa mwili wake, waliozaliwa katika ndoa ya halali, mkubwa kwanza. Kwa hiyo kiti hakigawanywi, hakiuzwi, hakiachwi kwa wasia, na mtoto wa kike hakikalii, hata awe ndiye aliyemwuguza baba mpaka mwisho. Viko vyeo vyengine vya zamani zaidi, alisema, ambavyo binti huweza kushika, lakini chetu si katika hivyo. Alisema hivyo hasa, chetu. Na wakiisha wanaume wa tawi moja, unapanda juu kwenye mti wa ukoo mpaka umpate mdogo wa babu, kisha unashuka kwa upande wa pili. Tulipanda na kushuka mti ule mpaka tukaujua kuliko mitaa yetu.

Sasa mtu atauliza, mwanamke wa Unguja na kiti cha Lodi wapi na wapi. Ilikuwa habari ya maziwa.

Mama yake Bi Mwalimu alikuwa mshonaji. Zama za utawala wa Kiingereza aliitwa mtaa wa Vuga, kwenye nyumba ya mhandisi mmoja wa barabara kushona mapazia, na alikwenda na mwanawe wa kike, mtoto wa miezi mitano, ambaye ndiye baadaye Bi Mwalimu. Mke wa mhandisi alikuwa amejifungua mtoto wa kiume, akashikwa na homa, maziwa yakakatika. Maziwa ya kopo hayakumkaa mtoto tumboni. Alilia siku mbili, siku ya tatu akawa halii tena, na hapo ndipo mshonaji alipoweka sindano chini. Hakumwomba mtu ruhusa. Alimchukua akamnyonyesha, na aliendelea kumnyonyesha baada ya hapo, kwa ridhaa ya mama mtu, mpaka yule bibi alipopona.

Kwetu jambo hili si dogo. Katika madhehebu yetu, mtoto akinyonya mara tano kamili kabla hajatimiza miaka miwili, aliyemnyonyesha amekuwa mama yake, na watoto wa huyo mama ni ndugu zake. Hawarithiani, lakini hawaoani milele, na hawana haja ya kujisitiriana. Mhandisi alihamishwa, akaondoka na mkewe na mtoto. Mhandisi mwenyewe alikuwa mtoto mdogo wa mtoto mdogo katika ule ukoo wa kiti, mbali kabisa na foleni. Lakini Lodi wa saba alikufa bila mtoto, wa nane akapoteza mwanawe wa pekee mtoni akivua samaki, na walipopanda mti na kushuka, aliyekutwa chini alikuwa mtoto yule aliyenyonya Vuga. Bi Mwalimu akawa na kaka Lodi.

Na kaka huyo hakujua kama ana dada. Hilo ndilo lililokuwa likimkereketa. Mke wa mhandisi aliandika barua kila mwaka, kwa Kiswahili cha kujifunza, akitoa habari za mtoto na za kiti, na katika zote hakuandika hata mara moja kwamba amemwambia mwanawe. Yule bibi akafa, barua zikakoma. Bi Mwalimu hakutaka kitu cha kaka yake, hata picha hakuomba. Alitaka ajue tu, kabla mmoja wao hajaondoka duniani.

Nilipopata nafasi ya kwenda kusoma, wengine waliniomba simu na viatu. Yeye aliniagiza nimtazamie kiti. Wiki ya pili tu baada ya kufika, na baridi imenifunga taya, nilikwenda maktaba ya mji, nikaomba kile kitabu kinene kinachoorodhesha koo zao, nikaketi na ukoo wetu mbele yangu. Nilipigwa na butwaa. Kila kitu kilikuwa kama alivyotufundisha kwenye ungo, ila kosa moja: kitabu kilimtaja Lodi wa tano kuwa na watoto wa kiume wawili waliokufa vitani, Bi Mwalimu akisema watatu. Nikampigia simu kwa furaha kumsahihisha. Akaniambia nitazame tena, kwenye ukurasa wa nyongeza. Nilirudi kesho yake. Walikuwa watatu.

Tangu siku hiyo nikawa mjumbe wake. Akipokea simu hakuniuliza afya wala masomo. Aliuliza, "Kiti kina nani?" Nami namwambia bado ni yeye, mzima, na hapo ndipo alipouliza kama nimekula. Baadaye zilipokuja simu za kutumiana sauti, alizisikiliza barazani kwa sauti ya juu kabisa, uchochoro mzima ukawa unafuatilia. Muuza viungo wa nyumba ya pili, mzee mcheshi asiyejua kufumba mdomo, alimtania kila Iddi.

"Bi Mwalimu, kaka yako Lodi amekutumia nini sikukuu hii?"

"Amenitumia salamu nisikujibu," alisema, na kupita.

Kulikuwa na mwaka wa msisimko mkubwa. Mtu mmoja wa Australia aliibuka akidai kiti ni chake. Alisema babu wa babu yake alikuwa mkubwa wa yule babu wa Lodi wetu, na alioa kwa siri kabla ya kuhama. Ikiwa kweli, basi kiti kilikwenda njia isiyo yake tangu zamani, na kaka yetu si Lodi bali mtu tu. Mimi nilikuwa na mitihani. Unadhani alinionea huruma? Kila jioni ya huko simu ililia. Anadai nini leo? Ana karatasi gani? Ndoa ilifungwa wapi? Nilimweleza kwamba kwao mdai hupeleka ushahidi wake serikalini, vyeti vya ndoa na vya kuzaliwa, vizazi vyote bila kuruka hata kimoja.

"Mashahidi wa ndoa?" aliuliza.

"Hawajapatikana, Bi Mwalimu. Ana barua moja ya mapenzi."

"Mapenzi si ndoa. Huyo hana kitu. Nenda kasome."

Nilisoma, nikafaulu, na kwa kweli nilifaulu kuliko wenzangu wengi waliozaliwa na lugha ile. Mwezi uliofuata mdai alishindwa, kwa sababu ile ile ya mashahidi. Nilipompigia kumpa habari, nilisikia kelele za kuku nyuma ya simu. Alimchinjisha siku hiyo hiyo, akawalisha wanafunzi wote pilau, na muuza viungo alitoa mdalasini bure huku akilalamika kwamba sherehe za malodi zinamtia hasara.

Hakuwa mtu mwepesi kumfahamu. Wazee wengine waliupenda utawala wa Kiingereza kwa sauti ndogo, wengine waliuchukia kwa sauti kubwa. Yeye alisema wazi kwamba Waingereza walikaa hapa bila kuulizwa na waliondoka bila kusafisha. Alikataa katakata kujifunza lugha yao. Nilipomwuliza inakuwaje basi anamfurahia Lodi, alinitazama kama niliyekosea sura ya kwanza kabisa. Waliotawala, alisema, ni wengine. Huyu ni mtoto aliyekuwa na njaa.

Alikuwa mkali bila bakora. Adhabu yake ilikuwa kukuketisha ngazini, mlango wazi, usome kwa sauti mpaka wapita njia wakusahihishe. Alipenda kahawa chungu na biskuti tamu. Alichukia habari iliyopunguzwa kuliko alivyochukia uongo. Uongo, alisema, mtu akiusikia ataushuku, lakini ukweli uliokatwa unakaa moyoni kama mzima. Siku nilipomwambia kwamba kitabu kipya kimetoka na Lodi ana mtoto mmoja, nikaishia hapo, alisubiri kwenye simu kimya mpaka nikasema ni binti. Akashusha pumzi. Hakuhitaji ungo. Kiti kitakwenda kwa binamu wa mbali, mtu wa kuuza magari ambaye Lodi hamjui vizuri. Alimwombolezea yule binti kwa wiki nzima, kwa hasira, kama amedhulumiwa mlangoni kwake.

"Yupo ndani ya nyumba," alisema, "na wanamtafuta mrithi nje."

Nilimweleza kwamba siku hizi kiti kimebaki jina zaidi kuliko kitu, na kwamba wengi wa watu wa kurithi walikwishatolewa bungeni. Akajibu kwamba jina ndilo wanalonyimwa watoto wa kike, basi lisiitwe dogo.

Nilirudi nyumbani na diploma, na akiba ya sahani zote zile nilizoosha, nikaikarabati nyumba ya ghorofa mbili iliyokuwa imeachiwa popo. Leo ina vyumba sita na ua wenye kisima, na picha zake ukiziona utadhani ni kasri. Bi Mwalimu alipanda kuja kuitazama, akasifu ngazi, akakosoa mito. Alikuwa amedhoofika. Moyo ulikuwa ukimwenda mbio, alipumzika kila baada ya vidato vinne. Alipoketi aliniambia maneno ambayo sikuyategemea.

"Mwanangu, mie nshachoka kungoja. Mwandikie. Mwambie kila kitu."

Aliketi akanisomea la kuandika, tangu mapazia mpaka mtoto kunyamaza kulia. Niliitikia kwa kichwa, nikaandika. Sasa mimi najua kumwandikia Lodi. Najua cheo kinakaa wapi juu ya bahasha na namna ya kumaliza barua, mambo ambayo hata Waingereza wenyewe wengi hawayajui. Lakini nilipofika kwenye maziwa, kalamu ilisita. Nilimwona mzee wa watu na meza yake ya chai, akisoma kwamba alinyonya titi la mshonaji wa Unguja. Niliogopa ataitupa barua. Niliandika kwamba yupo bibi mmoja mheshimiwa hapa, ambaye mama yake alimjua mama wa Lodi, na kwamba angefurahi kumwona. Nikaongeza na maelezo ya vyumba vyangu. Kisha nikamwambia Bi Mwalimu kwamba imekwenda.

Lodi alijibu baada ya wiki tatu, kwa mkono wake. Alisema mama yake alimtajia Unguja mara nyingi, daima kwa machozi, na hakumfafanulia. Angekuja na binti yake mara mvua za masika zikipita, na wangefikia kwangu.

Mjue furaha yangu. Lodi halisi, wa tisa, kwenye nyumba yangu ya wageni. Muuza viungo aliniambia nipandishe bendera. Nilibadilisha mapazia ya chumba cha juu, nikawafundisha wafanyakazi namna ya kumwita. Na Bi Mwalimu, ambaye aliamini kwamba kaka yake amesoma kila kitu na amekuja kwa kujua, alishonesha baibui jipya.

Walifika Alhamisi. Alikuwa mzee mrefu aliyeinama mabegani, mpole, suruali imepinda magotini, wala usingemdhania. Binti yake alikuwa mwanamke wa makamo, mwalimu wa shule huko kwao, mcheshi, ndiye aliyebeba kila kitu. Asubuhi ya pili niliwapeleka kwa Bi Mwalimu. Njiani nilimwonya Lodi, kwa utaalamu wangu, kwamba asinyooshe mkono: bibi huyu hampi mkono mwanamume asiye wa kwake. Mimi mwenyewe, aliyenifundisha alifu, tangu nilipobaleghe hunipa mkono uliofunikwa kwa ncha ya kanga.

Tulipoingia alikuwa amesimama. Nilimwamkia shikamoo, akaniitikia marahaba bila kunitazama. Akapiga hatua mbili, akanyoosha mkono wake mtupu, akaushika mkono wa Lodi kwa viganja vyote viwili. Lodi akanigeukia mimi, macho yamejaa maswali. Alikuwa hafahamu amepewa nini.

Bi Mwalimu aliyaona macho yale.

"N'ambie," aliniuliza, bila kuuachia mkono. "Barua aliisoma yote?"

"Aliisoma, Bi Mwalimu."

"Maziwa yalikuwamo?"

Nimehojiwa na maafisa wa uhamiaji wa nchi tatu, sikupata kuulizwa swali zito vile. Nikamwambia hayakuwamo. Nilidhani ni staha, nikasema.  Niliona kifua chake kikipanda na kushuka chini ya baibui jipya, na nikaogopa kwamba nimemwua, miaka sabini ya kungoja, nami nimeikata kwa kalamu yangu nzuri. Kisha akaketi, akamvuta Lodi akae karibu yake mkekani, mzee wa watu na magoti yake.

"Sema sasa," aliniambia. "Na usipunguze."

Nikasema. Kwa Kiingereza changu chote, pazia, homa, maziwa ya kopo, mtoto aliyeacha kulia, sindano iliyowekwa chini. Lodi alinisikiliza akiutazama mkeka. Nilipomaliza nilidhani ndiyo mwisho, lakini Bi Mwalimu alinigusa kwa ncha ya kidole. Alikuwa na neno jengine, na hilo mimi mwenyewe sikuwahi kulisikia, katika miaka yote ya malodi na kunde.

"Mwambie ilikuwa tangu Rajabu mpaka Mfungo Mosi. Mwambie Ramadhani ilikuwa kati. Mama yangu alikuwa na watoto wawili kifuani, akaogopa maziwa yasije yakapungua. Akamwuliza sheikh, sheikh akamruhusu. Mama yangu alikula mchana mwezi mzima, yeye ambaye hakuwahi kuacha, kwa ajili yake. Watu walimwona, wakamsema, akanyamaza. Baadaye akazifunga siku zote, na kwa kila siku akatoa kibaba cha mchele."

Nilifasiri polepole. Ilibidi nimweleze Lodi maana ya kula mchana wa Ramadhani katika mji kama huu, kwa mwanamke kama yule.  Lodi aliuliza kitu kimoja tu, kama siku zile zililipwa zote. Nikamwambia zote. Akafunika macho kwa mkono wake uliokuwa mtupu, maana ule mwengine bado ulikuwa umeshikwa, akasema kwamba mama yake alimwambia kila siku ya kuzaliwa kwake, kuna mtu alikuweka hai, na kila alipouliza ni nani, mama alitoka chumbani. Alikua peke yake, akasema. Hakuwa na ndugu.

"Anaye," alisema Bi Mwalimu nilipomfasiria.

Binti alikuwa ameketi karibu na mlango, miguu imekunjwa vibaya kama wageni wanavyokunja. Aliniuliza kwa sauti ndogo, nusu ya mzaha, swali ambalo nadhani aliwahi kuliuliza sana katika maisha yake na kujibiwa mara zote namna moja. Na yeye, je? Yumo katika hili, au limeishia kwa baba?

Bi Mwalimu hakungoja nimalize kufasiri.

"Umo," alisema. "Mtoto wa kaka yangu, mimi shangazi yako. Hili halichagui mwanamume."

Nilipomfasiria, yule mwanamke alicheka, akaacha kucheka, akainuka akaja kukaa upande wa pili wake. Nami nilikuwa natafuta maneno mazuri ya kufungia, kama mwenyeji, niwakumbushe kwamba chakula cha mchana kinawangoja kwangu, samaki wa nazi. Sikupata nafasi.

"Mizigo yao iko wapi?" Bi Mwalimu aliniuliza.

Nikasema iko kwangu, chumba cha juu, chenye hewa nzuri kuliko vyote.

"Kailete."

"Bi Mwalimu, wamekuja kwangu. Chumba kile nimekitengeneza kwa ajili yao."

"Kaka yangu hawezi kulala kwenye nyumba ya wageni na mie nipo mtaa huu. Watu watasema nini? Kailete, na mito yako ibaki huko huko."

Hivyo ndivyo nilivyompoteza Lodi wa tisa baada ya usiku mmoja. Binti alinifuata kuchukua mikoba. Njiani alitaka kujua neno lile alilojiita bibi, nikamfundisha, naye akalisema kila kona mpaka herufi zikakaa. Muuza viungo alipotuona na masanduku aliinuka barazani, akauliza kama Lodi amekimbia deni. Nikamwambia amehamia kwa dada yake. Mzee yule akaingia ndani. Akachota iliki, akaifunga karatasini, akampa mgeni apeleke.

Tulipofika chini ya nyumba, mlango ulikuwa umefungwa. Nilipumua, sanduku la Lodi likiwa zito kama jiwe, nikajiandaa kupiga hodi. Binti alinitangulia.

"Nani?" sauti ya Bi Mwalimu ilishuka kutoka juu.

Mwanamke yule aliinua uso kuelekea dirishani.

"Mimi, shangazi."

Tukasikia kamba ya mlango ikivutwa kutoka juu, na komeo likaruka.

"Pita," alisema Bi Mwalimu. "Chai inapoa."